Mtumbwi Uliotulia

Kwa mwanangu Ramazani.

Salamu zangu hazina safari ndefu. Wewe uko nyuma ya ua unafunga mzigo wako, nasikia unavyoikaza kamba, nami nimeketi barazani na kalamu yangu ya mwanzi. Kati yetu kuna ukuta mmoja wa udongo, na mwezi mzima huu ukuta huo umetushinda sote wawili. Basi nakuandikia kama mtu anavyomwandikia ndugu aliye mji wa mbali. Mwili wangu mzima. Moyo usiniulize.

Kesho asubuhi unashuka na mitumbwi ya Sudi kwenda Kisangani, ukawe fundi wake. Habari hiyo sikuipata kwako. Nimeipata kwa mama Feza muuza samaki, aliyenipa samaki na pole kwa mkono mmoja. "Baba Ramazani, pole, mutoto amekuwa mukubwa, umuache aende," akasema. Nikaitikia kwa kichwa kama mtu aliyekwisha kuambiwa. Nilipofika nyumbani nikaona samaki nimemwacha palepale sokoni. Miaka kumi na saba tumekula sahani moja, Ramazani, na mwenye mizani ya samaki ananijuza kwamba sahani imevunjika. Nimekasirika. Sitaki kulificha hilo kwa maneno laini, na wewe unanijua, maneno laini hayanikai mdomoni.

Shangazi yako Amisa amekwisha kukuusia habari za homa, za chakula, za wanawake wa ugenini na za kusali kwa wakati. Mimi sina la kuongeza hapo. Nataka kukuandikia habari za chini ya mtumbwi, mahali ambapo mnunuzi hapaoni, na habari za watu watatu: mama yako, Sudi, na mimi. Alichokuambia Sudi siku ile alipokuita kibandani kwake, nakijua bila kuambiwa. Nilikuona ulivyorudi. Ulikuja ukaketi, ukanitazama mikono, uso hukuutazama, na tangu siku hiyo hujaniita baba. Unaniita fundi. Watu wakisikia wanadhani unaniheshimu.

Nilipofika mto huu nilikuwa kijana wa pwani mwenye tezo la kuchongea begani na majivuno tele. Nilikuwa nimechonga milango, vinu na vitanda, nikajiambia mti ni mti tu, na mtumbwi ni kinu kilicholazwa. Mtumbwi wangu wa kwanza niliuchonga siku arobaini. Siku ya kuuteremsha majini nikavaa kanzu safi, nikaingia, nikaketi kitako. Ukasimama vizuri kabisa. Nikainua mkono kuwapungia Wagenya, wavuvi wa mto huu, waliokuwa ukingoni, na mkono huo ndio uliotosha. Nilitoka majini na kanzu imenifunika kichwa, na kicheko chao nakisikia hadi leo.

Mtu mmoja hakucheka. Alikuwa mrefu, jicho moja limekufa, jina lake Amundala. Huyo ndiye babu yako, mzaa mama yako. Hakunipa mkono wala pole. Aliingia kwenye mtumbwi wake, akasimama kama wanavyosimama wao wanapopiga kasia, kisha akaweka mguu kwenye mdomo wa mtumbwi, pale juu ubavu unapoishia, na kuukandamiza chini. Mtumbwi ukalala. Ukalala mpaka maji yakabaki upana wa kidole yaingie ndani, na nikaona jinsi alivyokuwa akisukuma kwa nguvu zaidi na zaidi na mtumbwi ukimkatalia. Akauachia. Ukayumba huku, ukayumba huku, ukatengemaa.

"Wa kwangu iko nalala, iko narudi," akaniambia. "Wa kwako hailali. Inasimama, inasimama, kisha inakufa."

Miaka miwili nilikaa kwake kujifunza sentensi hiyo. Wewe umeijua tangu mdogo, lakini nataka uisome mara moja kwa mwandiko wangu, maana huko uendako utasikia nyingine. Mtumbwi wa Amundala una tumbo la mviringo na mbavu zilizotanuliwa kwa moto zikafunguka nje. Ukiugusa tu unatikisika, kwa sababu tumbo halina pa kukalia. Lakini ukizidi kulala, ubavu uliofunguka unaingia majini, na maji yanausukuma urudi. Kadiri unavyolala ndivyo nguvu ya kurudi inavyoongezeka, mpaka pale mdomo unapogusa maji. Mtumbwi wenye chini bapa na mbavu zilizosimama wima una nguvu pia, ila nguvu yake yote unaitumia mwanzoni, pale unapotia mguu. Ukishapita hapo hauna tena cha kukupa.

Na kuna jambo jingine ambalo Amundala hakulisema, nililiona mwenyewe baada ya miaka. Mtumbwi bapa umeshikamana na uso wa maji. Maji yakiwa sawa, nao uko sawa. Wimbi likija ubavuni, maji yanainama, nao unainama na maji, kwa uaminifu kabisa, ukikuacha wewe uliyemo. Wa mviringo unaliacha wimbi lipite chini yake. Pale ukingoni, umefungwa kwenye mti, huwezi kujua upi ni upi. Au tuseme utajua kinyume.

Sasa nikueleze Sudi ni nani kwangu, maana wewe umemjua mzee mwenye ndevu nyeupe na sauti ya upole.

Sudi na mimi tulitoka Ujiji katika msafara mmoja, tukila chungu kimoja. Siku moja tukiwa njiani, nyigu walitoka kwenye gogo wakatuvamia. Watu walitupa mizigo, walikimbia, walivua nguo, mmoja alijitupa kwenye tope. Sudi alisimama. Nyigu walimuuma shingoni naye akasimama vilevile, mzigo kichwani, akingoja waondoke. Nikasema moyoni, huyu ndiye mtu. Tulipofika Kindu nikamshika mkono, nikamwambia tushirikiane, mimi nichonge yeye azungumze na wanunuzi. Na kweli alijua kuzungumza. Hakupandisha sauti hata siku moja. Watu wakigombana yeye alikuwa katikati, na kila upande ulidhani ni wake. Leo nikifikiri naona kwamba ningejiuliza swali hapo, lakini nilikuwa nimependa utulivu wake kama mtu anavyopenda sura.

Mama yako Mwavita alikuwa mtu wa kutikisika. Sikukuambia hivi ulipokuwa mdogo kwa sababu ulitaka mama wa kusifiwa. Siku moja alitupa ugali mzima uani kwa sababu nilisema ni mgumu, kisha akaufuata akaulilia. Aliweza kucheka na kununa kabla maji hayajachemka. Mara tatu alibeba mkeka wake akarudi kwa baba yake, na mara tatu alirejea, peke yake, kasia mkononi, akaingia kwa mlango wa uani kama mtu aliyekwenda kuokota kuni. Hakuomba radhi wala hakuombwa. Alikaa, akashika kazi. Mimi nilikuwa nikimwonea haya mbele ya Sudi. Niliwahi kumwambia Sudi, tena mama yako anasikia, "Laiti angekuwa na moyo wako." Kosa hilo ni langu peke yangu, sina wa kugawana naye.

Wanunuzi wetu walikuwa waungwana wa Nyangwe na wa huku juu. Umewaona hata sasa, hawajabadilika. Mgenya akitaka mtumbwi anaupeleka katikati ya mto, anasimama, anautikisa kwa makusudi, anautukana, anautikisa tena, ndipo anasema neno. Mwungwana anaukuta umefungwa ukingoni, anainua kanzu, anatia mguu mmoja. Ukitikisika anautoa mguu haraka. "Aa, huu mlevi." Usipotikisika anafurahi, anamwita mwenzake naye atie mguu. "Huu umetulia." Sisi watu wa pwani tunapima mtumbwi kama tunavyopima kitanda. Neno hilo, umetulia, ndilo lililouza mitumbwi Kindu hii yote, na ndilo tulilomsifia mke, mtumishi na rafiki.

Mitumbwi yangu ya mviringo ikakaa ukingoni ikikauka. Hapo ndipo ile bapa ilipoanza. Umesikia kwangu tangu utoto kwamba Sudi alinijia akaniambia, "Chonga bapa, Salumu, watu wanataka iliyotulia," nami nikamtii kwa sababu ya urafiki. Iache hadithi hiyo hapo kwanza. Nitairudia.

Niliichonga msituni, palepale mti ulipoangushwa, ikaletwa mjini kwa maji ikiwa tayari. Ukishauweka mtumbwi majini hakuna anayeona chini yake. Mama yako hakuona. Amundala hakuona.

Siku ile alikuja mnunuzi wa juu, mtu mkubwa mwenye watu wengi. Akatia mguu, akaridhika, lakini akasema auone kwanza ukivuka mto na kurudi, wakiwamo wapiga kasia wake wanne. Mama yako alikuwa amepata habari asubuhi kwamba baba yake anaumwa ng'ambo ya pili. Akaja ukingoni na kitambaa kichwani, akaomba avuke nao. Wewe ulikuwa na miaka mitatu, umeshikwa na shangazi yako, unalilia muwa.

Jua lilikuwa utosini. Mtumbwi uliondoka umenyooka, hauyumbi hata kidogo, na mnunuzi akageuka kumpongeza Sudi. Ulipopita ncha ya kisiwa, pale maji mawili yanapokutana, na upepo ulikuwa unatoka chini, wimbi lilikuja ubavuni. Halikuwa wimbi kubwa. Mtumbwi ukainama nalo. Nikangoja urudi. Mpaka leo katika usingizi wangu nangoja. Haukulegalega wala haukutoa dalili, uligeuka mara moja kama ukurasa, na nikiwa ukingoni nikaona chini yake juani, imelowa, na alama za tezo langu zimejipanga. Ilikuwa mara ya kwanza kuiona tangu nilipoichonga.

Mama yako aliogelea kabla hajaota meno. Ubavu ulimpiga kichwani. Wapiga kasia wawili nao hawakutoka, na majina yao sikuyajua, na kutoyajua kwangu nako kuko kwenye hesabu yangu mbele ya Mungu.

Mkubwa wa mji alituita barazani, Sudi na mimi. Mnunuzi alikuwa anadai watu wake, na alivyowataja ungedhani anataja meno ya tembo. Tukaulizwa nani alijua. Mimi nilikuwa sijalala siku mbili. Nilisema kila kitu kwa pamoja, nilipiga kelele, nililia, nilisimama nikaketi nikasimama tena, mikono inakwenda hewani. Niliona watu wanavyonitazama. Kila nilivyotikisika ndivyo walivyozidi kuamini kwamba nina hatia. Kisha akaulizwa Sudi. Aliweka mkono juu ya msahafu, taratibu, kama mtu anayeweka mkono juu ya kichwa cha mtoto wake.

"Mimi ni muuzaji," akasema. "Chini ya mtumbwi sikuitazama. Fundi ni huyu, nilimwamini."

Kisha akanitazama. Ndiyo, alinitazama, Ramazani, na macho yake yalikuwa yaleyale ya siku ya nyigu. Hapo nikaelewa kwamba siku ile hakuwa jasiri. Alikuwa anangoja tu waondoke.

Nilifungwa mnyororo wa shingo miezi saba, nikalima mpunga wa mkubwa wa mji pamoja na mateka. Mnyororo ule nilikuwa nimeuona ukipita mbele ya karakana yangu miaka mingi, na watu shingoni mwake, na wengine walisafirishwa nao kwa mitumbwi niliyochonga mimi. Nilikuwa nikiinamisha uso kwenye kazi mpaka wapite. Nilipouvaa mwenyewe ndipo nilipojua uzito wake, na sijivunii kwamba nilihitaji kuuvaa.

Siku ya kufunguliwa nilianguka. Watu walidhani ni udhaifu, wakaniletea uji. Haukuwa udhaifu. Miezi saba mwili wangu ulikuwa umejifunza kuegemea nyuma ili kuubeba mnyororo unaonivuta mbele, hata nilipolala misuli ilikuwa inavuta. Mnyororo ulipoondoka, ule mvuto wa nyuma ukabaki peke yake ukanitupa chali. Mwezi mzima nilitembea nikishika kuta. Nakuambia haya kwa sababu mtu akikuambia leo kwamba ameachana na jambo fulani, mtazame anavyotembea. Mimi nimeachana na Sudi miaka kumi na nne, na mpaka jana nilikuwa nimeegemea nyuma.

Hakuja kunitazama hata siku moja. Alichukua mitumbwi iliyobaki akashuka nayo Kisangani. Alinigeuka. Mto umenigeuka mara moja na nimeusamehe, naoga ndani yake, nakunywa maji yake. Yeye sijamsamehe, wala barua hii siyo ya kumsamehe.

Nikakulea kwa chuki hiyo. Kila nilipokuonyesha namna ya kutanua ubavu kwa moto, nilikuonyesha na Sudi pembeni. Kila tumbo la mviringo ulilochonga nililisifu kwa kumtukana yeye. Ulipokuwa na miaka tisa ulichonga mtumbwi mdogo wa mchezo, bapa, ukaupa jina lake, ukauzamisha kwa jiwe, nami nilicheka mpaka machozi yakanitoka. Ningepaswa kukunyang'anya jiwe lile. Nilikupa jingine.

Halafu mwezi uliopita amekuja mwenyewe, amezeeka, amekuita kibandani, amekuambia neno moja, na kazi yangu ya miaka kumi na nne imelala ubavu. Amekuambia kwamba wazo la kuchonga bapa halikuwa lake. Kwamba ni mimi niliyemwendea.

Ni kweli.

Nilimwendea asubuhi akiwa anapiga mswaki. Nilimwambia, "Sudi, wapumbavu hawa wanapima ukingoni, basi tuwachongee ya ukingoni." Aliniuliza mara moja tu, "Katikati itakuwaje?" Nikamwambia, "Katikati wapo na Mungu." Akacheka. Alijua, Ramazani. Mkono wake juu ya msahafu ulisema uongo, na hilo halibadiliki. Lakini mdomo wake kwako umesema kweli, na mtu ni yuleyule. Nimejaribu mwezi mzima kukutafutia namna ya kuyaweka mambo hayo mawili pamoja yakae sawa, sijapata. Huenda hayakai.

Basi nimekulaghai miaka yote hii, na sasa naona uchungu kwamba umenificha safari yako. Najua inavyosikika. Uchungu upo vilevile, siwezi kuutoa kwa sababu sina haki nao. Ulikuwa na haki ya kunichukia mbele yangu. Ungekuja ukanipigia kelele, ukatupa chungu, ukabeba mkeka ukaenda kwa shangazi yako. Ningejua nimepata mtoto wa Mwavita. Badala yake umekaa kimya mwezi mzima, umenihudumia, umenichotea maji, sauti imenyooka, na chini ya yote hayo ulikuwa umeshakwenda. Nilipokuona umetulia hivyo niliogopa kuliko nilivyoogopa barazani.

Usijifunze utulivu ule. Hilo ndilo ninalokuomba kama bado naweza kuomba. Mtu anayesimama wima katika mtumbwi unaokwenda hasimami kabisa, umemwona babu yako. Goti linafanya kazi, kiuno kinafanya kazi, kasia likiwa majini ni mguu wa tatu. Anayekaza mwili ili asiyumbe ndiye wa kwanza kuanguka. Nilipokufundisha kutembea mtumbwini ulikuwa ukikaza meno na kushika mdomo wa mtumbwi kwa mikono miwili, nami nikakupiga vidole uachie. Uliniambia, "Baba, nitaanguka." Nikakuambia utaanguka kidogo kidogo, kila hatua, na utajiokota kila hatua, na huko ndiko kutembea. Wakati ule nilikuwa najua ninachosema kwa miguu tu.

Na huko Kisangani watakuja watu, watainua kanzu, watatia mguu. Sudi atakutazama kwa upole. Hatakuamuru kitu. Atakuambia tu kwamba ya mviringo inakauka ukingoni. Sitakuambia ufanye nini, sina uso wa kukuambia hilo. Nitakuambia tu ambacho ningefanya kama ningepewa siku zile tena: ningemshika mnunuzi mkono, ningemwingiza mtumbwini na kanzu yake, ningempeleka katikati ya mto na kumtikisa mpaka aite mama yake, na ningemwacha alie mpaka aone kwamba hajafa. Huenda asingenunua. Angekwenda zake na nguo imelowa na mimi ningebaki fundi maskini mwenye mke mgomvi.

Sasa limebaki jambo moja, na kwa ajili ya hilo nimechovya kalamu leo. Sudi hakukuambia, kwa sababu yeye halijui. Alikuwa amesimama kando kidogo, anazungumza na mnunuzi. Shangazi yako halijui. Aliyelisikia amekufa, na aliyelisema ni mimi. Ningeweza kulikalia kimya ukaondoka kesho ukiwa umenichukia nusu, na nusu nyingine huenda ingerudi nyumbani siku moja na zawadi ya chumvi. Nimeipenda sana nusu hiyo. Nimeitazama tangu asubuhi.

Mama yako alikuwa binti wa fundi. Alipofika kwenye ule mtumbwi hakutia mguu kama waungwana. Alishika mdomo wa mtumbwi, akausukuma kidogo, haukutikisika, akausukuma tena, uso wake ukabadilika. Akatazama majini kutafuta chini yake, lakini maji ya siku ile yalikuwa ya matope. Kisha akanigeukia. Hakupiga kelele, Ramazani, yeye ambaye alipiga kelele kwa ajili ya ugali. Aliniuliza taratibu, ili mnunuzi asisikie, asiniharibie kazi.

"Baba Ramazani, chini yake njo ya baba yangu?"

Alikuwa anauliza kama nimeuchonga alivyonifundisha Amundala. Sudi alikuwa pale, mnunuzi alikuwa pale, mtumbwi ulikuwa karibu kuuzwa. Kulikuwa na muda wa kutosha. Ningeweza kusema hapana, ningeweza hata kusema subiri mtumbwi mwingine, asingeuliza kwa nini.

"Njo ya baba yako," nikamwambia. "Panda."

Akaniamini. Mara hiyo moja hakubisha, akapanda, akakaa nyuma na kitambaa chake, na hata hakushika mdomo wa mtumbwi.

Nimemaliza. Wino bado haujakauka na jua bado liko juu. Naizunguka nyumba sasa hivi nije kukupa barua hii mkononi, kabla sijabadili nia. Isome mbele yangu, yote, kwa sauti kama unaweza. Nitasimama hapo mpaka uimalize, wala usinipe kigoda.

Baba yako,
Salumu fundi